Kitabu Alichokufungulia Mzee Castory

Nyuma ya soko,
Usagara, Tanga.
Jumapili, 7 Septemba 2025

Mpendwa Dada Ruthi,

Shikamoo dada yangu. Hujambo huko Sumbawanga? Baridi imepungua au bado mnalala na masweta? Mama anauliza kama lile blanketi alilompa Baba Loti wa mabasi akuletee lilikufikia, maana wewe ukipokea kitu hunyamaza mpaka mtu adhani kimeibwa. Kazini je, wagonjwa wako hawakuchoshi? Sisi huku wote wazima kwa neema ya Mungu. Goti la Mama linamsumbua asubuhi, likishapata jua linatulia. Embe za mwaka huu zimeanza kuchanua mapema, na joto linakuja na mguu wake wa kwanza.

Mimi usiniulize. Nimenenepa! Gauni la bluu uliloniachia halifungi tena mgongoni. Timotheo anacheka, anasema ndivyo alivyoniomba kwa Mungu. Dada, ndoa ni tamu jamani. Nikisikia pikipiki yake inakata kona pale msikitini, moyo unanidunda kama siku ile ya kwanza aliponiomba niende naye kumsalimia mama yake Lushoto. Akiingia hasemi habari za kazi kwanza. Ananitazama, ananitazama tu, kisha anaulizia chai. Wenzangu wananiambia ni fungate, itapita. Wao waseme.

Najua ungependa nikuandikie kurasa nzima za namna hii, na siku moja nitaandika. Leo nina jambo lako. Nimeliandika kwa barua makusudi, kwa sababu kwenye simu nikitaja tu Pongwe kwetu unasema mtandao mbaya halafu unakata. Barua haikatiki. Ukiikunja itakungoja.

Jambo lenyewe ni mzee Castory. Tulia kwanza. Kaa chini. Nimemlipa.

Nianzie kwenye unga. Timotheo, kama ujuavyo, kabla ya kuwa mwalimu wa dini pale sekondari alisoma chuo cha theolojia, na huko alifundishwa Kiebrania cha zamani, kile walichoandikia Torati na manabii. Mwezi wetu wa kwanza nilimwambia anifundishe. Nilitaka tu kukaa naye karibu, sitakudanganya. Basi kila Jumamosi nikisukuma chapati anasimama nyuma yangu, ananyunyiza unga kwenye kibao, anaandika herufi kwa kidole. Mimi nataja, yeye anafuta, anaandika nyingine. Nikikosea ananipaka unga puani. Chapati ngapi tumeunguza kwa herufi zile, Mungu anajua.

Somo la kwanza kabisa alinishika mkono, akauweka kulia kwa kibao, akauvuta taratibu kuelekea kushoto. Akaniambia, "Hapa ndipo macho yanapoanzia. Na kitabu chao ukikifungua kama chetu, umekishika mkiani."

Dada, nilidondosha msukumio.

Kwa sababu mimi nilikuwemo chumbani siku ile. Wewe ulikuwa umejifungia kwa Mama, lakini mimi, kidato cha pili, ndiye niliyebeba sinia la soda. Wazazi wa mchumba wako walikuwa wamekaa kwenye kochi, na mzee Castory katikati na lile likitabu lake kubwa alilosema aliachiwa na Mzungu wa shamba la mkonge. Unakumbuka desturi yake? Hakuna posa pale mtaani iliyopita bila watu kumwita "kuwafungulia Kitabu," awaambie ukoo wa binti una minyororo gani. Na mzee wa kanisa akikwambia kwa Kiebrania, nani atabisha? Alikunjua kile kitambaa cheupe, akainua jalada, akaweka kidole. Nakiona mpaka leo kile kidole chenye kucha ndefu. Kilianzia kushoto, Dada Ruthi. Kikaenda kulia. Kikarudi kushoto, kikaenda kulia, mstari kwa mstari, huku anaguna kama anayekunywa dawa. Halafu akasema kwamba Torati imeandika juu ya baba aiachaye nyumba yake, na kwamba mabinti zake hawatatulia katika ndoa mpaka kizazi cha nne.

Kisa Baba yetu alikwenda Moa akaishi na mwanamke mwingine mpaka alipofia huko. Hilo kila mtu Pongwe alilijua bila Kiebrania.

Wale wageni hawakumaliza hata soda. Na wewe baada ya mwezi ukaomba uhamisho kwenda mbali kuliko kote. Mama tangu hapo kanisani alihamia benchi la nyuma, karibu na mlango, kama mtu aliyechelewa. Mimi nilipona kwa sababu tu watu wa Timotheo ni wa Lushoto na hawakumjua Castory.

Kwa hiyo Jumamosi ile nilikaa chini jikoni, nikalia, kisha nikacheka, kisha nikamwambia mume wangu kila kitu. Yeye ni mpole, akanikumbusha kwamba kisasi ni cha Bwana. Nikamjibu, "Basi mwombee mkeo aazimwe hicho kisasi kwa alasiri moja tu. Nitakirudisha kikiwa kimeoshwa."

Lakini sikukurupuka. Nilijua nikimvamia watasema binti wa yule wa Moa kachanganyikiwa. Nilisoma. Miezi yote hii nilisoma, mpaka unga ukawa hautoshi, Timotheo akanifungulia kitabu chake mwenyewe. Na alinifundisha kufasiri, si kutamka tu. Alinionyesha pale Torati inapotaja uovu wa baba na kizazi cha tatu na cha nne, maana maneno hayo yapo kweli. Akanizuia nisiinue macho. Akasema mtu anayekomea hapo ameikata sentensi shingo, kwa sababu pumzi hiyo hiyo inaendelea na rehema kwa maelfu. Vizazi vinne upande mmoja, maelfu upande wa pili. Kisha akanipeleka kwa nabii Ezekieli, aliyewakataza watu wake wasiseme tena kwamba meno ya watoto yanatiwa ganzi na zabibu mbichi walizokula baba zao. Kila mtu na lake. Nilisoma sehemu ile nikiwa nimeshika kanzu ya mume wangu kama mtoto. Nilikuwa nakufikiria wewe.

Sasa sikia. Jumuiya yetu ina desturi kwamba maharusi wapya wanaomba ibada ya nyumbani, na mzee wa kanisa wanayemtaka anakuja kuibariki nyumba. Nikamtaka mzee Castory! Nilikwenda mwenyewe mpaka Pongwe, nikapiga goti, nikamwambia, "Shikamoo baba. Nyumba yangu haitakuwa na amani usipokuja na Kitabu." Akafurahi mpaka akakohoa. Akasema, "Ninyi mabinti wa nyumba ile, nilijua mmoja atarudi kwangu." Nikamtazama machoni nikasema ahsante baba.

Alasiri ile nilipika kama ya harusi. Mihogo ya nazi, vitumbua, chai ya tangawizi. Shoga yangu Shadya, jirani wa Kipemba, alikuja kunisaidia kukaanga, akabaki mlangoni mwa jikoni na kanga yake kichwani. Mzee Castory nilimpa kiti cha Timotheo chenye mto. Mama nilimkalisha mbele yake kabisa, mkekani, alitaka kurudi mlangoni nikamshika bega. Mama Lea, mwenyekiti wa jumuiya, unamjua, yule asiyechelewa popote, alishaanza wimbo. Sebule ilijaa.

Baada ya maombi nikasema, "Baba mzee, tusomee ukoo wetu. Soma ule ukurasa uliomsomea Dada Ruthi."

Akakunjua kitambaa. Akainua jalada, akapindua zile karatasi tupu za mwanzo, au alizodhani ni za mwanzo, akaweka kidole. Kushoto. Dada, nilihisi furaha mpaka kwenye vidole vya miguu.

Akasoma. Akaguna, akatoa yale maneno yake yasiyo ya lugha yoyote, akatufasiria: baba aliyeondoka, mabinti wasiotulia, kizazi cha nne. Mama akainamisha kichwa pale pale, kama zamani. Hapo kama nilikuwa na chembe ya huruma, iliisha.

Nilikuwa nafungua mdomo, lakini Shadya alinitangulia kutoka jikoni, na mwiko mkononi. "Samahanini wenyeji. Huyu babu mbona asoma kinyumenyume?"

Mzee Castory akageuka. "Wewe mwana wa Kiislamu, haya ni ya kanisani."

"Najua, babu. Lakini hizo herufi za Mayahudi ni ndugu na za Waarabu. Sisi tangu chuo cha Kurani, mwalimu na bakora yake, twaanzia kulia."

Akacheka, mzee wa watu, akatutazama sote tumuunge mkono. "Mnasikia? Kuanzia kulia ni mambo ya msikitini. Hiki ni Kitabu cha Mungu wa Ibrahimu, kinakwenda kama Biblia yetu, kushoto kwenda kulia."

Dada Ruthi, alijifunga mwenyewe. Mimi nilikuwa nimeandaa hotuba ndefu na sikuihitaji. Aliona herufi za Kiarabu misikitini maisha yake yote hapa Tanga, akaamua kwamba kitu cha Kikristo lazima kiende upande mwingine. Akawapasua watu ndoa zao kwa dhana hiyo.

Nikamwendea. Nikasema, "Baba, niruhusu." Nikakigeuza kitabu, nikakifungua upande wa kulia, nikasoma mstari wa kwanza kabisa wa Torati, wa kuumbwa kwa mbingu na nchi, kidole changu kikitoka kulia kwenda kushoto mbele ya watu wote. Polepole, lakini sikukwama. Shadya akapiga kigelegele. Mama Lea akavua miwani akaivaa tena.

Mzee akasema, "Umefundishwa na mumeo kunidhalilisha."

"Nimefundishwa na mume wangu kusoma. Kukudhalilisha nimekuja nako kutoka kwetu."

Ee Mungu nisamehe, watu walicheka.

Kisha nikakirudisha kitabu pale alipokuwa amekifungua. Hapo nilimgeukia Timotheo, maana ukurasa wote peke yangu bado siuwezi, na sikutaka mtu aseme nimebuni. Alikuwa ametazama kikombe chake muda wote. Nikamwambia, "Mume wangu, kama unanipenda, waambie huu ni ukurasa gani." Akaondoka kitini, mpole wangu, akapiga magoti kando yangu mbele ya kile kitabu. Akaupitia mpaka chini. Nikaona macho yake yamejaa maji.

Akasema huo ndio ukurasa wa mwisho wa kitabu kizima, kwa mpango wa Wayahudi. Hauna habari ya baba wala mabinti. Ni tangazo la mfalme wa Uajemi kwa watu waliohamishwa kwao kwa nguvu, wakakaa ugenini maisha yao yote. Mfalme anatangaza kwamba yeyote kati yao, Mungu wake awe pamoja naye, na apande aende kwao. Hilo ndilo neno la mwisho. Nililisoma kwa sauti yangu mwenyewe: na apande. Baada ya hapo karatasi ni tupu.

Hakuna aliyecheka tena. Mama ndiye aliyesema. Alisema taratibu, akimtazama Castory kwa mara ya kwanza tangu siku zile. "Kwa hiyo mwanangu alifukuzwa kwa karatasi inayomwambia arudi?"

Mzee alianza kukunja kitambaa chake. Wengine pengine wangeachia hapo. Mimi sikuachia. Nilisema Torati hiyo hiyo aipendayo ina sheria ya shahidi wa uongo, kwamba atendewe lile alilokusudia kumtendea mwenzake. Yeye alimfanya dada yangu atembee mtaani akinyooshewa kidole. Basi atembee. Aende kila nyumba aliyofungua kile kitabu, aseme kwa mdomo wake kwamba hakijui, aanzie kwa waliokuwa wakwe zako. Na kitabu kibaki kwa mchungaji.

Mama Lea akasema, "Na mimi nitakwenda naye, asije akaruka nyumba."

Na wamekwenda, dada! Wiki nzima. Mama Lea mbele na mwavuli, yeye nyuma na kofia mkononi. Nilikwenda kwa makusudi Pongwe nikasimama kwa muuza nyanya kuwatazama wakitoka kwa wale wazee wako. Yule mama aliyekuwa akuite mkwe alitoka nje akilia, akaniuliza kama bado uko Sumbawanga. Nikamwambia uko, na kwamba mwanawe angalikuwa na mke muuguzi na sasa ana yule mke ambaye yeye mwenyewe anamjua. Sikusema zaidi. Nilinunua nyanya zangu nikaondoka, na barabara nzima mpaka nyumbani nilikuwa naimba.

Baraza la wazee limemwondoa uzee wa kanisa. Jumapili iliyopita alikaa benchi la nyuma, karibu na mlango. Mama alikaa mbele, na kitenge kipya. Sitakudanganya kwamba nilimhurumia. Niligeuka mara mbili wakati wa mahubiri kuhakikisha bado yuko pale.

Baada ya ibada mchungaji alituita ofisini. Castory alikuwepo. Alipiga magoti, dada, mtu mzima yule, akaniomba msamaha. Mchungaji akasema neno zuri kuhusu rehema, Timotheo akanibana mkono. Wote wananingoja. Na mimi nikasema siwezi kutoa kisicho changu. Mimi aliniudhi tu. Aliyeibiwa ni Ruthi. Msamaha wake uko Sumbawanga, na sitamruhusu Mama autoe, wala mchungaji, wala Bwana Castory asijidhanie ameupata kwa kuzunguka na mwavuli wa Mama Lea. Timotheo alikuwa na uso mgumu njia nzima. Ndiyo mara yetu ya kwanza kununiana. Kufika nyumbani akaniambia, "Una haki, ila usiipende sana haki hiyo." Nikampikia chai. Sijabadilika.

Sasa kuhusu Lucas na posa yake. Mama alinisimulia ulivyomwambia kwenye simu, kwamba huyo mwalimu ni mtu wa watu na hutaki kumbebesha laana ya nyumba yetu. Dada yangu mpenzi, laana ipi? Umeishi ukiogopa ukurasa ambao aliyekusomea hakujua hata upande wa kuushika. Hata kama angeujua, hakuna neno lako pale isipokuwa ruhusa ya kurudi kwenu. Na pale ambapo Torati inataja kweli uovu wa baba, rehema ni kwa maelfu. Baba alituacha, ndiyo. Hilo lilikuwa lake, amekwenda nalo Moa.

Mjibu Lucas. Usimjibu kwa kuwa dada yako mdogo ameolewa na anaona kila kitu kina asali. Mjibu kwa sababu unampenda, uliandika jina lake mara nyingi mno kwenye barua ya Pasaka kwa mtu asiyempenda. Na kama humtaki, mkatae kwa sababu humtaki wewe, si kwa sababu ya kidole cha Castory.

Halafu njoo naye Krismasi. Mzee anajua utakuja, nimemwambia. Kila akikutana nami anauliza, "Ruthi anafika lini?" na mimi namjibu, "Ngoja." Nataka angoje. Nataka ajue kungoja mlangoni kulivyo. Ukifika nitakuweka kwenye kile kiti chenye mto, nitamwita, na utakalomwambia ni lako. Ukimsamehe, nitapika mihogo. Ukimnyima, nitapika mihogo vilevile, na mimi ndiye nitakayemfungulia mlango atoke.

Mama anakusalimu, anasema usisahau kujipaka mafuta kifuani usiku. Timotheo anakusalimu sana, shemeji yako, anasema atakuandikia jina lako kwenye unga ukija. Shadya anakusalimu ingawa hamjaonana, na Mama Lea, anayedai sasa yeye ndiye mwalimu wa Kiebrania wa mtaa. Nisalimie Lucas. Mwambie ni mimi niliyekutuma umsalimie, upate pa kuanzia.

Mungu wa nyumbani kwetu akutangulie kila uendako, akufungulie njia ya Tanga, na miguu yako isichoke.

Mdogo wako anayekungoja kwa mikono miwili,

Loveness
(mke wa Timotheo, bado napenda kuliandika hili)